Nimekataa transfa ya Lodwar, sasa mshahara umesimamishwa. Nadai nini hapa?

Nyar_Nyalenda

Wadau hamjambo. Nauliza mambo ya kazi, mwenye anajua sheria anisaidie bila kunicheka.

Nimekuwa kwa stoo ya kampuni moja ya kusambaza bidhaa hapa Kisumu miaka 6 sasa, jina sitaji juu bado nawadai. Kazi yangu ni kupokea mzigo, kuhesabu na dereva, kusaini, jioni nafunga vitabu. Sijawahi pata barua ya onyo hata moja. Ijumaa moja saa kumi jioni nikaitwa ofisini nikapewa bahasha, kufungua ati kuanzia Jumatatu kituo changu cha kazi ni Lodwar, niripoti saa mbili asubuhi. Hakuna nauli, hakuna nyumba, hakuna hata jina ya mtu nitaripoti kwake. Mimi niko na mtoto wa shule na mamangu anaenda kliniki Russia, ile hospitali kubwa ya hapa Kisumu, kila mwezi na ni mimi humpeleka.

Nikawaandikia imeli usiku huo huo nikasema sijakataa kazi, naomba wanipe mwezi mmoja nijipange na waniambie nauli na nyumba ni ya nani. Hakuna mtu alijibu. Jumatatu nikaenda kazini kama kawaida, nikaingia nikafanya kazi, Jumanne pia, Jumatano mlinzi akaniambia madam jina lako limetolewa kwa rejista, nimeambiwa nisikufungulie. Mwisho wa mwezi pesa ikaingia kama nusu hivi. Mwezi uliofuata sufuri kabisa. Nikipigia HR anasema hatujakufuta, wewe ndio uliacha kazi, kama unataka mshahara enda Lodwar.

Sako wameanza kunipigia juu ya loni. Swali langu ni hili, ile pesa wamekata na ile hawajalipa nadai ama nimeshaipoteza kwa kukataa?

JaKondele

Dada wacha nikwambie ukweli kama ndugu yako, kazi saa hii ni ngumu, watu wako na digrii wanabeba watu na pikipiki hapa Kondele. Lodwar ni Kenya si ulaya. Ungeenda kwanza alafu ulalamike ukiwa huko ukikula mshahara.

Mama_wa_Kibuye

@JaKondele wewe ni rahisi kusema juu huna mtoto wa kuacha na mtu. Ijumaa jioni upewe barua, Jumatatu uwe Lodwar, hiyo ni zaidi ya kilomita 400 na hujapewa hata shilingi ya gari. Hata ng'ombe akihamishwa anatafutiwa lori.

HR_Mpole

Mimi ni HR, si kwa hiyo kampuni kabla mnirukie, na nitasema upande wenye hamtaki kusikia.

Kwanza @Nyar_Nyalenda angalia mkataba wako, kuna sehemu imeandikwa kituo cha kazi. Mara nyingi huwa wanaongeza "na kampuni inaweza kukuhamisha popote nchini kulingana na mahitaji ya kazi". Kama hiyo iko na ulisaini, transfa ni haki ya mwajiri, mahakama yenyewe husema kupanga wafanyakazi ni kazi ya menejimenti na jaji hawezi kuja kupanga stoo ya mtu. Pili, Sheria ya Ajira ya 2007 kifungu cha 44 inaorodhesha makosa makubwa ya mtu kufutwa papo hapo, na ndani yake kuna kukosa kuwa mahali ulipangiwa kazi bila ruhusa, na kukataa amri halali iliyo ndani ya kazi yako. Tatu kuhusu mshahara, kifungu cha 19 kinaruhusu mwajiri akate pesa ya siku moja kwa kila siku nzima umekosa kazini bila ruhusa ama sababu halali. Kwa macho ya kampuni ulikuwa unatakiwa Lodwar, hukuwa Lodwar, so wanahesabu siku hizo zote kama hukuwa kazini.

Sisemi wamefanya vizuri. Notisi ya wikendi ni aibu, mimi ningekataa kusaini barua kama hiyo. Lakini usije korti ukidhani ni mteremko.

Nyar_Nyalenda

@HR_Mpole asante kwa ukweli. Nimeangalia mkataba, imeandikwa hivi: kituo Kisumu "ama mahali pengine popote kampuni itaamua". So nimekwisha?

Mzee_wa_Section58

Hujakwisha binti yangu. Nilikuwa mwakilishi wa wafanyakazi kwa kiwanda hapa Nakuru kwa muda mrefu kabla nistaafu, na hii maneno ya transfa nimeiona ikija na sura nyingi, ya kweli iko na ya kukufukuza kwa mlango wa nyuma pia iko, na ya pili ndiyo nyingi. Nisikize polepole.

Hiyo sentensi ya "popote" haimpi mwajiri ruhusa ya kukufanyia vile anataka. Korti ikiangalia transfa haiulizi tu kama imeandikwa kwa mkataba, inauliza ilikuwa ya haki, ulipewa muda, kulikuwa na sababu ya kazi ama ni adhabu. Hata kifungu cha 10 cha hiyo sheria kinasema mambo ya mkataba yakibadilika, na mahali pa kazi ni mojawapo, mwajiri anatakiwa kushauriana na mfanyakazi halafu akupe hayo mabadiliko kwa maandishi. Bahasha ya Ijumaa jioni si kushauriana. HR atakwambia hakuna kitu kimebadilika juu mkataba tayari ulisema popote, sawa, hiyo ni hoja yake na aende nayo mbele ya jaji.

Sasa hii ya "umeacha kazi mwenyewe" ndio nimeisikia mara nyingi na hukasirisha. Mahakama ya kazi imerudia tena na tena, mwajiri akisema mfanyakazi ametoroka kazi lazima aonyeshe alimtafuta, alimpigia, alimwandikia ajieleze, akamwita. Wewe unasema ulienda kazini na ukafungiwa geti. Mtu ametoroka vipi na mlinzi ndiye anamzuia kuingia? Swali langu moja tu, uko na ushahidi ulifika hapo?

Nyar_Nyalenda

Mzee niko nao. Jumatatu na Jumanne niliweka kidole kwa ile mashine ya kuingia. Jumatano nilipozuiwa nilituma meseji kwa meneja hapo hapo getini nikamwambia nimefika na nimezuiwa, ikaonyesha ameisoma. Baada ya hapo nimekuwa nikienda asubuhi nasimama hapo kidogo natuma meseji naenda zangu.

Mzee_wa_Section58

Basi usiache. Kila meseji iwe na tarehe na iseme kitu kimoja tu, niko tayari kufanya kazi nimezuiwa. Usitukane mtu hata akikukosea, hizo meseji siku moja zitasomwa kwa sauti na mtu amevaa suti.

Kaptembwo_Boy

Mzee anajua. Binamu yangu alikuwa Nakuru wakamtupa Garissa kwa njia hiyo hiyo, yeye akakasirika akakaa nyumbani tu, hakuandika hata laini moja, wakamtumia barua kwa posta ati ajieleze akakataa hata kuifungua. Korti ilikula upande wao. Ile kukaa kimya ndio ilimmaliza, si kukataa Garissa.

Mulembe_Tosha

Mulembe wote. Mimi ni mwalimu huku Kakamega na wacha niwaambie sisi tumekula hii kitu ya transfa mpaka tukashiba. 2018 tume ya walimu, TSC, ilianza ile delokalaizesheni, walimu wakuu na manaibu wakatolewa kaunti zao wakapelekwa mbali, bwana akaenda upande huu bibi upande ule, wengine wagonjwa, wengine wamebakisha mwaka mmoja wastaafu. Ukikataa unasimamishiwa mshahara unaambiwa umehepa kazi. Ilichukua mpaka wabunge wakapitisha hoja 2022 ndio mwaka uliofuata wengi wakarudi nyumbani.

Tofauti ni sisi serikalini kuna chama na kuna marupurupu ya kuhama yameandikwa. Huko kwa kampuni za watu hakuna kitu kama hicho isipokuwa iwe kwa mkataba wako ama kwa makubaliano ya chama chenu. @Nyar_Nyalenda mko na yunioni?

Nyar_Nyalenda

Hatuna mwalimu. Kuna wakati watu walitaka kujiunga, yule alikuwa anaandikisha majina akapata transfa pia, aliacha.

Mulembe_Tosha

Mmh. Hiyo weka kwa mafaili.

Kando_ya_Korti

Nafanya kazi ya karani kwa ofisi ya wakili, si wakili mwenyewe, lakini hizi kesi ndio mkate wetu. Wacha nitenganishe mambo matatu juu naona mnayachanganya, na kila moja iko na pesa yake.

La kwanza ni siku ulizofanya kazi kabla ya transfa, pamoja na hiyo Jumatatu na Jumanne uliingia ukahesabu mzigo. Hiyo haina mjadala. Hata mtu amefutwa kwa wizi, kifungu cha 18 kinasema alipwe kila kitu anachodai mpaka siku ya kufutwa. HR hawezi kushika mshahara wako wa tarehe 1 mpaka 12 ati juu ulikataa Lodwar tarehe 15, hiyo ni kama muuza mboga akunyime chenji ya jana juu umekataa kununua leo. Kukataa kulipa mshahara kwa makusudi ni kosa la jinai, faini isiyozidi laki moja ama kifungo kisichozidi miaka 2, ama vyote. Watu hawalijui hili, na maboss wengi pia hawalijui.

La pili ni siku ambazo ulikuja geti ukafungiwa. Hapa ndio kuna vita yenyewe. @HR_Mpole anasema ulikuwa "umekosa kazini", lakini hicho kifungu cha 19 kinasema kukosa bila ruhusa *ama sababu halali*. Kama transfa yenyewe haikuwa ya haki, ulikuwa na sababu. Na kama ulikuwa tayari kufanya kazi, ukaandika uko tayari, mwajiri ndiye akakataa mikono yako, mshahara unaendelea mpaka akuondoe kwa njia ya sheria. Yeye anasema hajakufuta. Basi kama hajakufuta wewe bado ni mfanyakazi, na mfanyakazi hulipwa. Hawezi kula pande zote.

La tatu ni kama hii yote ni kukufuta kwa siri. Hapo sasa ndio tunaongea juu ya fidia.

HR_Mpole

@Kando_ya_Korti nakubaliana na la kwanza kabisa. La pili sikubali yote, juu wafanyakazi pia wataanza kuja geti ya zamani kila transfa ikitoka na kusema "niko tayari". Kampuni iko na haki ya kusema utayari wako unahitajika kule.

Kando_ya_Korti

Ni kweli, ndio maana imeli yake ya Ijumaa usiku ni dhahabu. Hakusema siendi. Alisema nipeni mwezi na mniambie nauli na nyumba. Nyumba si hisani, kifungu cha 31 kinataka mwajiri akupe nyumba ama pesa ya kutosha ya nyumba isipokuwa mshahara wako tayari umejumuisha kodi. Mtu akiuliza swali halali kuhusu amri hajakataa amri. Wao hawakujibu. Kama wangejibu wakasema tunakupa wiki tatu na nauli hii hapa, halafu asiende, mimi mwenyewe ningemwambia kesi yako ni nyepesi.

JaKondele

Eh sa hapo naanza kuona. Lakini bado kesi itachukua miaka na yeye anataka unga leo.

Mama_wa_Kibuye

Hapo uko sawa kwa mara ya kwanza. Mimi nimesimamia mtu loni ya sako, akasimamishwa kazi, walinikata mimi. Dada enda kwa sako yako kabla hawajaanza kukata waliokudhamini, uwaambie una mgogoro wa kazi mpange upya hiyo malipo, huwa wanakubali ukienda mapema na barua mkononi.

Turkwel_Breeze

Mimi niko Lodwar. Nilikuwa napita tu lakini hii ya stoo ya kusambaza bidhaa imenishangaza. @Nyar_Nyalenda nitumie jina ya kampuni inboksi.

Turkwel_Breeze

Sasa nimeenda mwenyewe nikaona juu ni karibu na pahali nakaa. Hakuna stoo. Kuna kontena moja na mlinzi, nimemuuliza anasema gari huja na mzigo wanashukishia hapo wauzaji wanachukua siku hiyo hiyo. Hajaambiwa kuna mtu anakuja kutoka Kisumu. Nimekupigia picha.

Mzee_wa_Section58

Ndio hiyo sasa. Nilikuwa nangoja mtu aulize. Binti yangu, kiti chako cha Kisumu nani anakikalia? Na wengine walihamishwa?

Nyar_Nyalenda

Hakuna mtu amewekwa. Dereva mmoja ameniambia sasa ni salesman ndio anapokea mzigo. Na wiki ile ile kuna wenzangu wawili walipewa barua, mmoja Moyale, mwingine sijui wapi upande wa Wajir. Wote wameacha.

Kando_ya_Korti

Wadau hii si transfa. Hii ni kupunguza watu bila kulipa.

Nieleze. Mwajiri akitaka kuondoa nafasi ya kazi juu biashara imekuwa mbaya ama anapanga upya, sheria iko na njia yake kifungu cha 40, ile tunaita ridandansi. Anakupa wewe notisi ya mwezi, anampa afisa wa leba notisi ya mwezi, anachagua watu kwa vigezo vya haki, halafu anakulipa likizo yako yote kwa pesa, notisi, na sevarensi, yaani pesa ya kuagwa, isiyopungua mshahara wa siku 15 kwa kila mwaka ulioumaliza. Hiyo ni gharama. Sasa mjanja mmoja anaamka anasema mbona nilipe, nitawapeleka mahali hawawezi kwenda, wajitoe wenyewe, nitaita "kuacha kazi". Watatu wiki moja, wote kaskazini, hakuna mtu amechukua nafasi zao, na huko Lodwar ni kontena. Hiyo hesabu hata mtoto anaifanya.

Kwa mshahara wako, tuseme gross 30,000 ili iwe rahisi. Kwa siku 30 za mwezi ni 1,000 kwa siku. Siku 15 mara miaka 6 ni 90,000 sevarensi. Notisi ya mwezi 30,000. Likizo ambayo hukuchukua juu yake. Wengine hugawanya kwa 26 badala ya 30, hiyo siku moja inakuwa 1,153 na kitu, na hesabu yote inapanda, mimi hupenda 26 lakini nimeona majaji wakienda pande zote mbili. Fidia ya kufutwa bila haki iko juu ya hiyo, isiyozidi mishahara ya miezi 12, yaani 360,000 kwa huu mfano. Usianze kuhesabu 360,000 kwa kichwa. Jaji anaangalia umefanya kazi muda gani, una nafasi gani ya kupata ingine, na wewe mwenyewe ulichangia vipi. Wengi hupata miezi michache.

Kaptembwo_Boy

Na ile ya sevisi, pesa ya miaka umetumikia? Miaka 6 si kuna sevisi?

Kando_ya_Korti

Kama alikuwa anakatwa NSSF, ule mfuko wa akiba ya uzeeni, hakuna sevisi. Hiyo ndio kitu watu huandika kwa kila kesi na kila mara inatupwa. Sheria imesema mwenye yuko NSSF ama penshoni haipati. Lakini @Nyar_Nyalenda ingia NSSF uangalie kama walikuwa wanapeleka kweli, si kukata tu kwa peislipi. Na SHIF, ile bima ya afya, vile vile.

HR_Mpole

Nimesoma hiyo ya kontena. Nimenyamaza kidogo. Kama ni hivyo basi hiyo HR yao inatuharibia jina. Swali la kitaalamu tu, kwa nini asijiuzulu adai alisukumwa mpaka akatoka? Hiyo pia iko.

Kando_ya_Korti

Iko, na Mahakama ya Rufaa iliieleza vizuri 2015 kwa kesi ya Coca-Cola East and Central Africa, kwamba lazima mwajiri awe amevunja mkataba kwa kitu kikubwa kabisa, utoke kwa sababu ya hicho kitu, na usikae muda mrefu umeridhika halafu ukumbuke baadaye. Lakini ukijiuzulu mzigo wa kuthibitisha unakuwa wako. Kwake yeye bado hajatoka, wao ndio wamefunga geti. Mimi singeandika barua ya kujiuzulu hata kwa bunduki.

Nyar_Nyalenda

Sasa naanzia wapi? Niende korti moja kwa moja?

Kando_ya_Korti

Anza leba. Malalamishi ya kufutwa unapeleka kwa afisa wa leba ndani ya miezi mitatu, usiipitishe. Korti una miaka mitatu lakini usilale pia. Kama gross yako haizidi 80,000 kwa mwezi, tangu 2018 kuna mahakimu waliopewa nguvu ya kusikiza kesi za kazi, so si lazima ushindane na foleni ya majaji wa Mahakama ya Ajira hapo Kisumu. Na usidanganywe uende ile korti ya madai madogo, sheria yake imekataza mambo ya ajira, utarudishwa na siku zako zimeenda. Kama wakili ni ghali, FIDA, chama cha mawakili wanawake, wako na ofisi Kisumu na wao husaidia wanawake, enda uwaulize.

Mzee_wa_Section58

Na ukienda leba usiende kulia, enda na karatasi. Mkataba, barua ya transfa, imeli, meseji zimechapishwa, statementi ya benki inaonyesha mshahara ulikuwa ukiingia ngapi na ukasimama lini. Peislipi ni haki yako, kama hawajakupa iandike pia kama lalamishi. Picha ya kontena iweke chini kabisa, usianze nayo, wacha waseme kwanza ati wanakuhitaji sana Lodwar.

Mama_wa_Kibuye

😂😂 huyu mzee alikuwa hatari kwa hicho kiwanda.

Nyar_Nyalenda

Nimerudi wadau. Nilienda leba, yule afisa akanisikiza akachukua kopi akawaandikia barua. Kabla hata ya siku ya kukutana HR akanipigia mwenyewe na sauti imebadilika kabisa ati madam njoo tuongee kama familia. Nikamwambia kama familia niandikie. Wakaleta karatasi: watanilipa ule mshahara walikata, na mwezi mmoja wa notisi, basi. Chini kuna mahali nasaini kwamba nimepokea kila kitu na sitadai kampuni jambo lolote milele. Wanataka nisaini ndio hela itoke. Niko na rent ya miezi wadau, nimechoka.

JaKondele

Chukua dada. Pesa mkononi.

Kaptembwo_Boy

Usisaini hiyo kitu bila mtu kuangalia!

Kando_ya_Korti

Hiyo karatasi ya kusaini ndio mtego mkubwa wa hizi kesi. Mahakama ya Rufaa iliwahi kusema 2013, kesi ya Thomas De La Rue, kwamba voucha kama hiyo haifungi kila kitu moja kwa moja, inaangaliwa ulisaini katika hali gani. Lakini 2018 kwa ya Coastal Bottlers ikasema mtu akisaini kwa hiari anajua anachofanya, makubaliano yanamfunga. So ukisaini unacheza bahati nasibu na pesa zako mwenyewe.

Mshahara wa siku ulizofanya si zawadi wanakupa ili unyamaze, ni wako tayari. Mwambie afisa wa leba mbele yao wailipe hiyo kwa benki bila masharti, uandike kwa mkono "nimepokea mshahara wa mwezi fulani peke yake". Yanayobaki ndio mnajadiliana: miezi ya kufungiwa geti, sevarensi, likizo, na cheti cha kazi, hicho cheti ni lazima wakupe, hawakufanyii fadhila. Kama wataweka sevarensi mezani na ukaona inatosha, basi saini, hakuna dhambi kumaliza. Lakini saini kitu chenye hesabu, kila laini na figa yake.

HR_Mpole

Na kama HR naongeza, wao kukupigia kabla ya mkutano inamaanisha loya wao ameshawaambia wako pabaya. Usionyeshe una haraka.

JaKondele

Sawa nimerudisha maneno yangu. Lakini rent je?

Mama_wa_Kibuye

Rent aongee na landlodi, amwonyeshe barua ya leba. @Nyar_Nyalenda niandikie inboksi, kuna kazi ya siku tatu kwa wiki ya kuhesabu mitumba hapa Kibuye, si kubwa lakini ni pesa ya mkono.

Kando_ya_Korti

Hiyo chukua, haikuharibii kesi. Ila ukiulizwa kortini kama umepata kitu kingine cha kufanya sema ukweli.

Nyar_Nyalenda

Mungu awabariki nyote. Mkutano leba ni Alhamisi, yule mwenzangu wa Moyale amekubali kuja naye atoe malalamishi yake siku hiyo hiyo. Nimewaambia HR sisaini kitu nje ya hapo.

Mzee_wa_Section58

Vizuri sana. Mkae pamoja lakini kila mtu na faili yake, madai yenu hayafanani. Na wakisema "sasa rudi Kisumu kesho, tusahau", usijibu hapo hapo, waombe waandike, na malimbikizo ya miezi iliyopita yawe ndani ya hiyo barua.

Pipeline_Nax

Samahani kuingilia uzi, mimi niko Nakuru na nimetumiwa transfa ya Kitale kwa WhatsApp tu, hakuna barua. Hiyo ni transfa kweli?

Kando_ya_Korti

Piga skrinshoti tarehe na namba zionekane, usifute chati, muombe kwa heshima akupe kwa maandishi rasmi na akueleze nauli na nyumba. Kesho asubuhi enda kazini kwako Nakuru kama kawaida uweke kidole. Halafu fungua uzi wako, huu umeshajaa.